Kutoka Vichekesho hadi Mada za Ndoa: Jumamosi Moja Maishani Mwangu

Kwa miaka mingi niliigiza mama mkwe mkorofi katika vichekesho vya televisheni, kanga kiunoni na mwiko mkononi. Siku hizi natoa mada za mahusiano hapa Dar es Salaam, na wapo wanaonialika wakitumaini kwamba nitakuja na ule mwiko.

Saa 1:30 asubuhi nilisoma ujumbe wa kamati ya kicheni pati ya jioni, iliyotaka dakika 20 za vituko. Niliwajibu kwamba nina mada moja tu, fedha za nyumbani, na kwamba niitwe kabla ya zawadi na muziki, kwani baada ya hapo hakuna anayemsikiliza mtu. Walitaka pia kunidokeza siri za bibi harusi ili nizichekeshee. Hilo nililikataa, kama ninavyolikataa kila mara.

Saa 4:00 nilikuwa Kimara, kwenye semina ya wachumba. Nilianza kwa kuigiza bwana anayeficha mshahara na bibi anayeficha deni la vikoba, ukumbi ukaangua kicheko. Jukwaani tulizoea kurusha kichekesho kingine kabla cha kwanza hakijapoa; katika mada nangoja kicheko kianze kuzima, watu wanapofuta machozi na kuvuta pumzi, ndipo naliweka neno zito kwa sauti ya chini. Safari hii lilikuwa kifungu cha 59 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kinachomzuia mume au mke kuuza au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Kijana mmoja aliuliza mke asiye na kipato amechangia nini katika mali. Nilimweleza shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, ambamo Mahakama ya Rufani, mwaka 1983, ilitambua kazi za nyumbani kuwa ni mchango. Hakuna aliyecheka, na maswali yalituchukua hadi adhuhuri.

Saa 8:00 mchana nilikuwa nikila wali na maharage nilipopigiwa simu na dada aliyepigwa na mumewe. Mimi ni mzungumzaji, si mshauri nasaha, kwa hiyo nilimwelekeza kwenye Dawati la Jinsia na Watoto la polisi, wala sikumpa hata neno moja la kuvumilia.

Saa 12:30 jioni, Sinza, mshereheshaji aliniita kwa jina la yule mama mkwe, vigelegele vikapigwa. Nilimwigiza kwa dakika mbili, kisha nikaifungua kanga, nikaikunja, nikaiweka juu ya kiti na kuanza mada. Mambo ya chumbani nilimwachia somo, yule kungwi wa bibi harusi, aliyeyasema vizuri kuliko ambavyo ningeweza.

Saa 4:00 usiku mhazini alitaka kunilipa nusu, eti sikuchekesha vya kutosha. Nilimwonyesha makubaliano yetu kwenye simu, akahesabu zilizobaki.