Siku ya jini, siku ya kitanda

Saa kumi na moja na nusu alfajiri niko jikoni nakunywa maji ya uvuguvugu, na sisemi na mtu. Hapa kwetu Manyatta wamezoea: kabla ya saa mbili baba hazungumzi. Watu husema sauti nzito ni zawadi ya Mungu. Ni zawadi, ndiyo, lakini inatunzwa kama ng'ombe wa maziwa.

Mimi ndiye yule mwigizaji ambaye sura yake unaijua na jina hulijui. Nimekuwa mganga, mzimu, jambazi anayekufa kabla filamu haijafika katikati. Kinacholipa karo siku hizi ni sauti: matangazo, na kutia Kiswahili kwenye filamu za nje.

Saa tatu, studio. Ni chumba kimoja, magodoro ukutani, blanketi mlangoni. Feni imezimwa kwa sababu maikrofoni huisikia, na joto la Kisumu mnalijua. Tangazo la duka la fanicha tunalimaliza upesi, koo likiwa bado safi.

Kisha jini wa filamu ya nje, ninayemtia Kiswahili. Anaambiwa ajisalimishe, naye anakataa kwa neno moja, mdomo duara, meno nje, kamera usoni pake. Nikasema "Hapana!" Silabi tatu, na kwenye p midomo yangu inafungana huku yake iko wazi. Tukajaribu "Sitaki!", ikazidi. Tukajaribu "La!", kinywa chake kikakataa, na fundi akasema hapa hakuna anayekataa hivyo. Tulirudia mpaka shati likanigandia mgongoni. Ndipo nikamkumbuka nyanya yangu akimkatalia mchuuzi sokoni Kibuye, nikasema "Ng'o!" Ikakaa pale pale, kama mfuniko kwenye sufuria yake. Fundi akavua visikizio, akacheka: "Jaduong', hiyo ni yako."

Mtazamaji hatalijua hilo, wala jina langu halitaandikwa. Mwigizaji Mmarekani James Earl Jones alipompa sauti Darth Vader, yule mwovu wa Star Wars, mwaka 1977, jina lake halikutajwa kwenye filamu, na yeye mwenyewe ndiye aliyetaka hivyo. Mimi ningependa langu litajwe.

Saa nane mvua ikashuka na radi zake, mabati yakapiga kelele, tukakaa kimya kungoja. Ilipopungua tukaingia kwenye mayowe. Hayo huwekwa mwisho, maana ukishayapiga, sauti ya asubuhi hairudi siku hiyo. Jini alichomwa, akaanguka, akafa mara kumi na moja. Nilihisi ladha ya chuma kooni.

Sijui ilikuwa saa ngapi mwenye duka la fanicha alipopiga simu. Jua lilikuwa limeinama. Bei ya kitanda imebadilika, si elfu nane tena, ni elfu tisa. "Ndugu yangu, ni neno moja tu." Nikamweleza kwa mnong'ono kwamba koo limekwisha, nitamrekodia kesho asubuhi. Hapana, tangazo linatoka leo usiku. Kwani kusema "tisa" kunachukua muda gani? Kwani nililipwa nini? Akaongea dakika ishirini, mimi nikimjibu kwa pumzi tu. Nikajaribu. Katikati ya maneno yangu ya asubuhi, ile "tisa" ilitoka kama ya mtu mwingine, mgonjwa. Mara ya pili, mbaya zaidi. Hakuwa mtu mbaya. Hakuona tu kwamba sauti ni kiungo cha mwili, kinachoka kama mguu.

Fundi ndiye aliyetuokoa. Namba ya simu ya duka inaishia na tisa. Akaikata pale, akaipunguza mkia, akaibandika kwenye bei. Tukasikiliza macho yamefumbwa. Huwezi kutambua.

Giza lilikuwa limeshaingia nilipopanda tuktuk. Dereva akauliza naenda wapi, nikaonyesha kwa kidole. Nyumbani mke wangu hakuuliza siku ilikuwaje. Alinimiminia uji, akaupooza kwanza, kisha akawaambia watoto wapunguze redio.