Kamba ya bibi na mvua za El Nino

Mwaka 1997 zile mvua za El Nino zilipotupiga Lamu nilikuwa na miaka 11, tunakaa Langoni kwa bibi, nyumba ya mawe lakini juu makuti, na makuti yenyewe yalikuwa yashachoka zamani. Usiku mmoja yakaachia pembeni maji yakashuka moja kwa moja kwenye kasha la babu. Asubuhi tunafungua, subhanallah, karatasi zote zimekuwa uji. Barua, hati ya shamba la Kipungani, daftari la minazi, vyote. Baba akakaa barazani hasemi kitu, manake wakati ule kuna mtu alikuwa anadai ile safu ya minazi karibu na kisima ni yake, na ushahidi wetu ndo ule uji.

Bibi wala hakushtuka. Akapanda kiti akatoa kwenye kidaka cha juu kabisa, kile tulichokatazwa kugusa, kamba ya usumba, zile nyuzi za makumbi ya nazi, urefu kama pima moja, imejaa mafundo, nyeusi kwa moshi wa udi. Akasema hii haiogopi maji, imezaliwa majini.

Kuweka neno ndani ya fundo kwao waliita kulaza neno, alifundishwa na mamake. Si makumbi yanafukiwa kwenye tope pwani miezi na miezi mpaka yaoze zibaki nyuzi, unayatwanga, unayaosha, unasokota kwa viganja, sasa hapo kwenye kusokota ndo kazi yenyewe: unalisema neno pumzi ikigusa uzi, polepole kwa mwendo wa mkono, na unafunga fundo kabla hujavuta pumzi nyingine. Ukivuta umelimeza mwenyewe. Kuliamsha, unaroweka fundo kwa maji ya bahari yaliyotekwa bamvua, yale maji makubwa, ikijaa, unalilegeza, unaweka sikioni. Halafu lazima ulilaze tena kabla uzi haujakauka, ama limekwenda. Fundo moja pumzi moja, basi.

Akaniita mimi, na tulikuwa wajukuu saba. "Ndoo mwanangu, wewe masikio yako hayajajaa."

Kwanza nilisikia mlio kama kamba ya dau ikikaza. Halafu sauti ya mwanamke, karibu hata nikahisi joto shavuni, ikasema: "Wa kwanza kutoka kisimani una kovu la shoka, upande wa kibla." Hiyo tu. Nikalia wallahi, manake yule ni mamake bibi, alikufa kabla hata baba yangu hajazaliwa na alikuwa ananiambia mimi.

Kesho yake tukaenda Kipungani kwa mashua, baba, bibi, wazee wawili na yule mtu mwenyewe. Bibi alibeba kamba kwenye ndoo ya maji ya bahari akawa anafungua fundo moja moja, mimi nasikiza nasema kwa sauti, wazee wanatafuta. Kovu lilikuwepo. Mnazi haufuniki jeraha kama miti mingine, na kovu halipandi juu mti ukirefuka, kwa hiyo lilikuwa pale pale kiunoni mwa mtu mzima, kidole changu kikaingia chote. Wa pili umepinda kuelekea bahari, ndivyo ulivyo. Wa tatu vile vile. Wa nne ulikuwa umeanguka lakini kisiki kipo. Yule mtu alilitazama lile kovu, akaligusa, akarudi zake kwenye mashua.

Bibi akakaa ukingoni mwa kisima kuyalaza tena maneno, sasa kwa sauti yake. Kwenye fundo la nne kaa akampanda mguuni, akacheka katikati ya neno, na pumzi ndo hiyo imeshatoka hawezi kurudia, akafunga na kicheko chake humo ndani.

Alifariki 2009. Sauti yake nilikuwa nayo kwenye simu pia, memori kadi ikafa, fundi akanirudishia huku anatikisa kichwa. Limebaki fundo la nne. Nalishika mara nyingi, silifungui, manake pale uzi umekwisha umebaki kama nyuzi tatu, nikililegeza utakatika kabla sijalilaza. Nahitaji usumba mpya tayari mkononi. Kaskazi ilipoanza nilifukia makumbi kule pwani, na binti yangu kila maji yakitoka anashuka kuyafukua kidogo, anayanusa, anakuja kuniambia bado.