Nilivyoingia bendi ya bluegrass kwa mlango wa besi

"Mshika mawili, moja humponyoka." Hiyo nimeambiwa Kentucky hii mara nyingi kuliko salamu. Kaniambia mwalimu wa kwaya yetu, kaniambia jirani, wakaniambia na Wamarekani kwa maneno yao: chagua chombo kimoja, kaa nacho miaka kumi, vingine waachie wenyewe. Leo napiga besi, mandolini (kama gitaa dogo), gitaa na banjo katika bendi ya bluegrass, muziki wa nyuzi wa huku Kentucky, karibu kila Jumamosi kuanzia Aprili mpaka Oktoba, na nalipwa. Naandika kwa sababu najua wapo vijana wetu hapa Lexington na kule Louisville wenye mkono mzuri wa gitaa, wameambiwa maneno hayo hayo, na gitaa limewekwa nyuma ya kabati.

Mimi gitaa nilifundishwa na mjomba wangu kwenye kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Kigoma. Mjomba anapiga mtindo wa zamani wa Katanga, ule wa Mwenda Jean Bosco: dole gumba linatembea kwenye nyuzi nene, kidole cha shahada kinaimba kwenye nyembamba. Vidole viwili tu, lakini ukifumba macho utaapa wako watu wawili. Huo ndio urithi niliokuja nao Marekani.

Bluegrass niliisikia mara ya kwanza ghalani, kazini, kwenye redio ya mwenzangu wa zamu ya usiku. Kilichonikamata ni kwamba hakuna ngoma. Watu watano, nyuzi tupu, na bado mguu haukubali kutulia. Nilihangaika wiki nzima kutafuta ngoma imefichwa wapi. Kumbe ngoma ni mandolini! Besi inaweka "dum", mandolini inajibu "chak", dum-chak, dum-chak, wimbo mzima. Hiyo "chak" inatoka mkono wa kushoto: unapiga kodi (noti kadhaa kwa pamoja), halafu papo hapo unalegeza vidole bila kuvitoa kwenye nyuzi, sauti inakufa. Mtu aliyekulia kwenye sebene akishaisikia hiyo, hawezi kulala.

Nikaenda kununua banjo, chombo kingine cha muziki huo, chenye shingo kama gitaa na ngozi kama ngoma. Hapo ndipo nilipopoteza karibu miezi miwili, na nataka kueleza vizuri kwa sababu sijamwona mtu akilieleza jambo hili kwa Kiswahili.

Banjo niliipata duka la vitu vya rehani, dola 150 na kitu. Nyuzi zilikuwa na kutu. Nikazikata zote tano kwa mpigo, kama nilivyozoea kwenye gitaa. Kijiti cha mbao kinachonyanyua nyuzi, wenyewe wanakiita daraja, kikaanguka chini mlio wa "ka!" Kwenye gitaa la kawaida daraja limegundishwa kwa gundi, halikusumbui. Kwenye banjo limesimama juu ya ngozi bila gundi wala msumari, linashikwa na nyuzi tu. Mimi nikalirudisha kwa macho, pale nilipoona panapendeza. Nikatuni nyuzi wazi, bila kubonyeza, zikaitika vizuri. Nikibonyeza karibu na vigingi vya kutunia, sawa. Nikipanda shingo kuelekea kwenye ngozi, kila noti inapotoka. Natuni tena. Inapotoka tena. Nilibadilisha nyuzi mara mbili. Nikaanza kuamini sikio langu limeharibika kwa kelele za mashine ghalani, na jambo hilo lilinitia hofu ya kweli, nikawa sitaki hata kushika gitaa.

Aliyeniokoa ni mzee mmoja mpiga fidla (violin), niliyekutana naye kwenye kikao cha wapigaji, pale watu wanapokaa duara kupiga pamoja. Hakugusa hata vigingi vya kutunia. Aliweka ncha ya kidole juu ya uzi, usawa wa freti ya 12 (freti ni vile vyuma vya kukingama shingoni), bila kubonyeza, akaucharaza, ikatoka sauti nyembamba kama kengele. Halafu akaubonyeza pale pale, akaucharaza tena. Sauti ya pili ilikuwa juu kidogo kuliko ya kwanza. Akasukuma daraja nyuma, mbali na shingo, upana wa punje ya mchele. Akajaribu tena. Zikalingana. Basi! Kazi ya dakika 2. Sauti ya kubonyeza ikiwa juu, sogeza daraja nyuma. Ikiwa chini, lisogeze mbele. Na nyuzi zibadilishe mmoja mmoja ili daraja lisianguke. Nilirudi nyumbani nikapiga mpaka saa 8 usiku.

Kucha za chuma za kucharazia banjo nazo nilizivaa kinyume, zikifuata ukucha wangu. Zinavaliwa upande wa nyama ya kidole. Vidole ni 3: gumba, shahada na cha kati. Hicho cha kati ndicho kilinitoa jasho, kwa maana kwa mjomba hakikuwahi kufanya kazi. Lakini bila hicho hupati ile mvua ya noti aliyoileta mpiga banjo Earl Scruggs alipojiunga na bendi ya Bill Monroe, mwanzilishi wa muziki huu, Desemba 1945. Dawa yake ilikuwa kupiga polepole mno, huku naimba, kila siku nusu saa kabla ya zamu.

Sasa nikarudi kwenye kikao na banjo yangu. Nikakuta banjo 4 tayari, na magitaa sijui 9. Zamu ya solo ilinifikia mara moja kwa saa nzima. Wiki ya pili hivyo hivyo. Pembeni kulikuwa na besi kubwa ya kusimama, imeegemezwa ukutani, mwenyewe anaumwa mgongo. Hakuna aliyeitaka, kwa sababu ni nzito, inaumiza vidole na haipigiwi makofi.

Nikaisogelea, nikagusa nyuzi zake. Eee! Ni zile zile nne nene za gitaa, E, A, D, G. Yaani dole gumba la mjomba wangu limekuwa likipiga besi hii tangu nikiwa mtoto. Nikaomba, nikapewa. Usiku ule sikupumzika hata wimbo mmoja, vidole vilitoka malengelenge, na watu wawili waliniuliza kama wiki ijayo nitakuja.

Huu ndio ushauri ninaousimamia: angalia kiti kipi kiko wazi. Bill Monroe mwenyewe, huyu wanayemwita baba wa bluegrass, alikuwa mdogo kuliko ndugu zake wote. Kaka zake, Birch na Charlie, walishachukua fidla na gitaa, yeye akabaki na mandolini ambayo hakuna aliyeitaka. Nimefika Rosine alikozaliwa 1911, nimefika na makumbusho ya bluegrass Owensboro, na hilo ndilo nililoondoka nalo.

Besi ina faida nyingine. Ukiipiga unaona mikono ya wote. Ndani ya mwaka mmoja nilijua kodi za nyimbo zote za kikao, najua mwimbaji anavuta pumzi wapi, najua nani anaharakisha. Mandolini ikafuata kirahisi, maana nyuzi zake ni G, D, A, E, yaani besi iliyosomwa kutoka upande wa pili. Sikujifunza upya kwa kweli, niligeuza kichwa tu. Fidla inatuniwa kama mandolini, lakini upinde ni shule nyingine, bado niko darasani.

Kuhusu gitaa, niliambiwa niache ule upigaji wa vidole, hapa watu wanacharaza kwa kipande cha plastiki. Nilitii karibu mwaka mzima na ninajuta. Kentucky hii hii, kaunti ya Muhlenberg, alizaliwa Merle Travis, ambaye anasifiwa dunia nzima kwa kupiga gitaa kwa gumba na shahada. Mtindo wa gumba wa eneo lile unarudi nyuma mpaka kwa Arnold Shultz, mtu mweusi, mchimba makaa wa kaunti ya Ohio, hapa hapa Kentucky, ambaye Monroe akiwa kijana alipiga naye kwenye dansi. Banjo nayo asili yake ni Afrika Magharibi, ilikuja na watumwa. Mtu asikufanye ujione mgeni kwenye duara lile. Plastiki jifunze, unaihitaji kwa nyimbo za mbio, ila mkono wa nyumbani usiutupe. Mimi kila onyesho napewa wimbo mmoja wa taratibu wa kupiga kwa vidole viwili, na ndio ambao watu wananifuata kuuulizia.

Bendi ilinichukua kama mpiga besi. Mwanzo ilikuwa hela ya mafuta na chakula. Besi yangu nilinunua mkono wa pili, elfu na ushee, kwa mafungu. Halafu Jumamosi moja mpiga banjo wetu akapata homa asubuhi ya onyesho. Kiongozi akaanza kupiga simu, hapati mtu. Nikamwambia ninayo banjo kwenye gari. Mke wake akashika besi, mimi nikashika banjo. Tangu siku hiyo nahesabiwa kama watu wawili, na malipo yalipanda. Sam Bush na Ricky Skaggs, wapigaji mashuhuri wa bluegrass, wote wazaliwa wa Kentucky, wamejenga majina kwa kushika vyombo zaidi ya kimoja, na hakuna anayewaambia kimewaponyoka.

Mwezi uliopita nilimpigia mjomba kwa video, nikasimamisha simu kwenye chupa ya maji, nikampigia banjo. Alisogeza uso mpaka nikaona jicho tu.

"Wewe mpwa wangu, hicho kidole cha tatu umefundishwa na nani?"

"Huku huku, mjomba."

"Rudia. Polepole, nikione."

Nikarudia mara tatu. Mara ya nne akaweka simu chini, nikasikia anavuta gitaa lake kutoka uvunguni.