Maendeleo ya Mradi Wangu: Masharti ya Peremende za Kumbukumbu

Tangu mvua zianze nimeweka kando ramani za Nchi ya Ukungu, dunia ya kubuni ambamo hadithi yangu itatokea, ili nishughulikie jambo moja tu: jinsi peremende za huko zinavyopokea kumbukumbu za watu, zinavyozitunza na zinavyoziachilia mdomoni. Nchi yenyewe nimeiazima hapa nyumbani, nyanda za juu za kusini mwa Tanzania, kwani ina vilima vya chai kama vya Rungwe, uwanda wa maua kama Kitulo, na ziwa la kreta kama Ngosi ambako wapishi huchota maji. Uchawi usio na masharti haunivutii, kwa hiyo nimeamua kwamba masharti yake yatoke katika sukari yenyewe.

Kwa sababu hiyo nimekuwa nikipika. Maji ya sukari yanapochemka na maji yakazidi kupungua, joto huendelea kupanda, na huko pwani, likifika karibu nyuzi 150 za Selsiasi, tone linalodondoshwa katika maji baridi hugeuka gumu na kuvunjika kama kioo. Hapa Mbeya, takriban mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi, na ugumu uleule hufikiwa nyuzi tano au sita mapema. Ndiyo maana naliamini zaidi tone katika bakuli kuliko kipimajoto. Hilo nimelichukua lilivyo: wapishi wa milimani wa Nchi ya Ukungu huhitaji joto dogo kuliko wenzao wa mabondeni, na hivyo peremende zao hubaki na harufu nyepesi, kama ya majani ya chai mabichi au ya udongo uliolowa, ambazo joto la mabondeni huziunguza.

Sehemu iliyonishughulisha zaidi, na ambayo sasa naiona kuwa moyo wa mradi mzima, ni ya kupoa. Sukari iliyopikwa hadi ugumu huo, ikimwagwa na kuachwa ipoe upesi bila kuguswa, chembe zake hazipati nafasi ya kujipanga. Hubaki zimetawanyika, na peremende huwa angavu. Ikikorogwa inapopoa, chembe hujipanga safu kwa safu zikawa fuwele, na peremende hugeuka nyeupe, laini, yenye kumung'unyika. Basi katika Nchi ya Ukungu peremende angavu hubeba tukio kama lilivyotokea, pamoja na vurugu na aibu zake, ilhali peremende nyeupe hubeba tukio ambalo mwenyewe amelipanga upya moyoni. Nyeupe ni tamu zaidi, nayo huliwa harusini na matangani. Angavu ndiyo inayokubaliwa mbele ya baraza.

Hapo ndimu inapata kazi yake. Asidi ya ndimu huivunja sehemu ya sukari ikawa glukosi na fruktosi, na mchanganyiko huo huzuia fuwele kujengeka, jambo ambalo wapishi wengi wa pipi hulifanya bila kulieleza. Kwa hiyo shahidi wa Nchi ya Ukungu hukamua ndimu katika sufuria mbele ya wazee kabla hajanena neno, na asiyekamua huulizwa sababu.

Suala la gharama limenichukua muda mrefu. Sikutaka mtoaji wa kumbukumbu asahau kabisa, maana mama aliyemwachia mwanawe kumbukumbu ya kuzaliwa kwake hastahili kubaki mtupu. Mishipa ya harufu hufika karibu moja kwa moja kwenye sehemu za ubongo zinazohusika na hisia na kumbukumbu, na ndiyo sababu harufu ya iliki huweza kumrudisha mtu jikoni kwa bibi yake kabla hajafikiri. Nimeamua kwamba mtoaji abaki na tukio lakini apoteze harufu yake. Atasimulia yote, ila hayatamshtua tena.

Unyevu nao ni adui. Peremende angavu hunyonya maji hewani na kushikamana, na katika nchi yenye mvua kama Tukuyu, inayopata zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka, kumbukumbu za watu wawili zikikaa mtungi mmoja huungana, na mlaji hatajua huzuni ipi ni ya nani. Wapishi huzifunga mojamoja katika majani makavu ya mgomba. Kakao kama ya Kyela nimeitenga kwa kumbukumbu za watoto wachanga, kwa kuwa mafuta yake huyeyuka chini kidogo ya joto la mwili. Asali bado sijaiamulia.

Kazi inayofuata ni sura ya baraza. Ndugu wawili wanagombea mpaka wa shamba la marehemu baba yao, na kila mmoja ameleta peremende aliyopewa naye: ya mkubwa ni angavu, ya mdogo ni nyeupe. Wazee wote wanajua kwamba baba aliwapenda sawa, na kwamba aliyemkorogea mdogo peremende ile alikuwa baba mwenyewe. Nimekwisha kuandika jinsi wanavyoingia na kuketi. Sasa naandika hoja ya mdogo, ambaye anasisitiza kuwa mpaka alioutamani baba yake una haki ya kusikilizwa kama ule aliouchimba.