Midomo isiachane na wimbo: nilivyozoea kupiga kichupa cha polepole ufukweni Bagamoyo

Wasanii wengi wanaotoka Dar kuja kupiga video Bagamoyo wameshaambiwa na mtu wafike jioni, wapate jua likizama baharini. Aliyewaambia hajawahi kusimama pale jioni. Bahari yetu iko mashariki. Jua linatoka majini na kuzama nyuma ya mji, huko kwenye minazi. Ukitaka jua na maji nyuma ya msanii, saa kumi na moja na nusu alfajiri kamera iwe imeshasimama.

Kazi hii nilianza na vichupa, yaani video za nyimbo, sasa naongoza vipindi vya televisheni pia, na kinacholeta wateja mpaka leo ni mwendo wa polepole ambao midomo inaimba sawasawa. Watu hudhani ni kamera. Kamera yangu ya kawaida tu, inapiga fremu 50, yaani picha 50, kwa sekunde, basi.

Ushauri unaoniudhi kuliko wote ni huu: "Piga kawaida, mwendo utapunguza kwenye kompyuta." Jaribu uone. Ulichopiga kwa fremu 25 ukikivuta mara mbili, kila fremu inajirudia na kitenge kinachopeperuka kinaruka-ruka. Ukiiachia programu ibuni fremu za katikati, meno ya msanii yanayeyuka kwenye midomo. Na hata ukivumilia hayo, yeye bado yuko ubeti wa kwanza wakati wimbo umeshaingia kiitikio.

Dawa yake ni kuuharakisha wimbo wenyewe. Video itatoka kwa fremu 25, wewe unapiga kwa 50, kwa hiyo tengeneza nakala ya wimbo yenye kasi ya asilimia 200. Wimbo wa dakika nne unakuwa wa dakika mbili. Weka milio mitatu ya kuhesabia mwanzoni, halafu mtumie msanii kwa WhatsApp siku kadhaa kabla, aizoee. Wengi hucheka, kisha wanakuja hawajafanya mazoezi, na asubuhi inaishia hapo. Siku ya kazi anaimba mbio, madansa wanacheza mbio, na ukishapunguza mwendo kila kitu kinatulia ila mdomo uko na wimbo. Taarabu na Bongo Fleva ya taratibu zinakubali kabisa. Singeli usithubutu kuiongeza mara mbili, ulimi wa nani? Hiyo piga kwa fremu 30, wimbo uwe asilimia 120.

Usitumie ile hali ya kamera inayopunguza mwendo yenyewe, maana nyingi hapo hazirekodi sauti. Piga fremu 50 za kawaida pamoja na sauti, kisha kwenye kuediti punguza picha na sauti yake kwa nusu na uilinganishe na wimbo halisi kwa ile milio mitatu. Shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, iwe 1/100 ya sekunde. Jua likishapanda, funga kichujio cha kupunguza mwanga kwenye lenzi.

Spika ndiyo inayowaumbua wengi. Sauti husafiri kama meta 340 kwa sekunde. Msanii akiwa meta 34 kutoka kwenye spika anausikia wimbo umechelewa sehemu ya kumi ya sekunde, yaani fremu tano, na zikichezwa polepole hizo tano ni sehemu ya tano ya sekunde. Mtazamaji anaona. Kwa picha za mbali mimi huficha kispika kidogo cha Bluetooth ndani ya kibwebwe cha msanii. Nacho huchelewa, lakini kwa kiasi kilekile, kwa hiyo unasogeza klipu mara moja tu. Kispika cha elfu thelathini na kitu kinatosha.

Maji nayo yana ratiba. Mwezi ukiwa mpevu au ukiandama kuna bamvua: maji hujaa alfajiri kama saa kumi, jua likitoka yanapwa na kuacha mchanga uliolowa unaong'aa kama kioo, na saa nne yameshakimbia mbali, umebakiwa na tope na mashua zilizolala ubavu. Siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, ratiba inageuka, maji yanajaa kwenye saa nne. Waulize wavuvi pale soko la samaki, na mashua ya kukodi mpatane na nahodha jana yake, bei inategemea mdomo wako.

Kamera isilale kwenye kiyoyozi. Ukiitoa nje alfajiri lenzi inafanya ukungu, na jua halikusubiri. Lenzi badilishia garini, si mchangani.

Magofu ya Kaole yanavutia, ila kibali kwanza, na makaburi hayapandwi. Droni ina kibali chake cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga.

Ukipeleka televisheni, usiweke jina la msanii pembeni kabisa mwa skrini, televisheni nyingine hukata kingo. Na ukipiga ndani, shata ibaki 1/50 au 1/100. Umeme wetu ni wa hezi 50, ukiweka 1/60 baadhi ya taa zitakuchorea mistari inayotembea ukutani, na hiyo hakuna mhariri anayeifuta bure.