Hesabu Aliyoiomba Musa

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Huku Uyole baridi ya Juni imeshakolea, watoto wanaingia darasani mikono kwapani. Juma lililopita nilikuwa nafundisha kuzidisha. Kijana mmoja, mtoto wa mkulima wa viazi, akanyoosha mkono: "Mwalimu, hesabu hizi zitanisaidia nini?" Nikamjibu harakaharaka kwamba zitatoka kwenye mtihani. Akaketi. Jibu langu lilinikosesha usingizi, kwa kuwa hakuwa ameniuliza habari za mtihani.

Tangu Januari 2024 shule zetu zinaingia kwenye mitaala mipya, darasa kwa darasa, ili mtoto aweze kutenda alichojifunza badala ya kukariri tu. Naiunga mkono kwa moyo wote. Mwalimu Nyerere alilia na jambo hilohilo mwaka 1967 alipoandika Elimu ya Kujitegemea. Lakini swali la yule kijana lilinipeleka mbali zaidi, mpaka Zaburi 90, sala ya Musa: "Basi, utujulishe kuzihesabu siku zetu, tujipatie moyo wa hekima."

Kesho yake niliandika ubaoni ile miaka 70 ambayo Zaburi hiyo inaitaja kuwa umri wa mwanadamu, mara siku 365. Wakapata siku 25,550. Kabla sijasema neno, kijana yule alikuwa ameshaanza hesabu nyingine pembeni mwa daftari. Ana miaka 12. "Mwalimu, mimi nimeshatumia 4,380," akasema. Kisha akauliza, kwa adabu kabisa, mimi nimetumia ngapi. Nina miaka 54. Walizidisha wenyewe: 19,710. Darasa likatulia. Nimefundisha kuzidisha karibu maisha yangu yote ya kazi, na siku zangu mwenyewe sikuwahi kuzigusa.

Matendo 7:22 inatuambia Musa alifundishwa hekima yote ya Wamisri. Msomi huyo ndiye anayepiga magoti kuomba afundishwe kuhesabu! Wala haombi siku ziongezwe.

Hesabu isiyo na moyo ule wa hekima sisi wa nyanda hizi tunaifahamu vizuri. Sheria inataka gunia la viazi lisizidi kilo 100. Dalali anajaza, anashonea kilemba juu kupita kipimo, ndiyo hiyo lumbesa, halafu analipia gunia moja. Huyo hesabu anazijua sana, pengine kuliko mimi. "Mizani ya hadaa ni chukizo kwa BWANA," inasema Mithali 11:1, na nasema kwa uchungu kwamba baadhi yetu tunaopanga lumbesa Jumamosi, Jumapili tuko ibadani tunaimba.

Kijana wangu bado nadaiwa naye jibu kamili. Nimemwambia hivyo mbele ya wenzake.

Juma hili, kila nyumba ya jumuiya isome Zaburi 90 yote kwa sauti, watoto wakiwa wamekaa karibu na jiko. Mstari wa 12 mwachieni mtoto ausome.