Wanaokata kabla ya kujibiwa

Ukiniuliza tovuti yangu inatembelewa na watu wangapi, sitakupa namba. Ninayo, ila siiamini. Ninachoweza kukuambia ni kwamba mwezi ukiwa mpevu ukurasa wa bei unafunguliwa sana, na giza likirudi wageni wanapungua. Dagaa wa Ziwa Tanganyika huvuliwa kwa taa, na mbalamwezi ikiwaka taa hazifui dafu. Mitumbwi inalala ufukweni, mzigo unaadimika kwenye mwalo wa Kibirizi, na wanunuzi walio mbali wanataka kujua bei imepanda kiasi gani kabla hawajatuma hela. Hayo nimeyaona kwenye logi, yaani daftari ambalo seva, kompyuta inayohifadhi tovuti, huandika kila inachoombwa.

Tovuti yenyewe ni ndogo: bei za dagaa na migebuka wa hapa Kigoma, na utaratibu wa kusafirisha mzigo kwa treni au basi. Iko kwenye seva ya kukodi inayotumia nginx, programu ya kuwapokea wageni wa tovuti. Kila kitu kinachoombwa kinaandikiwa mstari wake: anwani ya IP (namba ambayo mgeni anaingilia nayo mtandaoni), saa, kilichoombwa, msimbo wa jibu, baiti zilizotumwa, mgeni alikotokea na kivinjari chake. Saa za seva yangu ni za UTC, ambazo ziko saa tatu nyuma ya zetu, kwa hiyo 17:40 ya kwenye logi ni saa mbili na dakika arobaini usiku hapa Mwanga, mjini Kigoma. Usiposahihisha hilo, utadhani watu wanasoma wakiwa njiani kutoka kazini, kumbe wameshakula na kujilaza.

Kwanza naondoa roboti, yaani programu zinazozunguka tovuti zenyewe. Googlebot, roboti wa Google, huja na jina lake, lakini jina hilo huigwa. Ukitaka kumthibitisha, uliza DNS, daftari la majina ya mtandaoni, anwani yake ni ya nani, uone kama inaishia googlebot.com, kisha uulize tena jina hilo likurudishe kwenye anwani ileile. Wengine ni wale wanaogonga wp-login.php (mlango wa WordPress, programu ya kujengea tovuti) na .env (faili la siri za mfumo) usiku kucha wakitafuta mlango uliosahaulika, na mimi WordPress sina kabisa. Hata wanaobaki huwezi kuwahesabu kwa vichwa. Kampuni za simu huweka wateja wengi nyuma ya anwani moja, na simu ileile inaweza kupewa anwani nyingine siku hiyohiyo.

Mistari ninayoipenda ni yenye neno WhatsApp mahali pa kivinjari. Mtu anapobandika kiungo, programu hiyo huja kuchota kichwa na picha ya kuonyesha kwenye ujumbe. Baada ya hapo wanaanza kuingia watu ambao mahali pa "alikotokea" pana kistari tu. Shangazi yangu, anayenipa bei za Kibirizi kila asubuhi, aliniuliza, "Mwanangu, hao wanatoka wapi?" Nikamwambia, "Shangazi, kuna mtu ametupia bei zako kwenye grupu." Alifurahi sana.

Lakini muda wangu mwingi unaishia kwa walioshindwa. Msimbo wa 404, kwamba ukurasa haupo, unajulikana na wengi. nginx ina wake, 499: mgeni amekata kabla seva haijamjibu. Kuna mwingine aliyejificha zaidi. Msimbo wake ni 200, kana kwamba mambo ni shwari, ila picha ya kilobaiti 900 imetumwa 130 tu. Mtandao umekatika, au amechoka kusubiri, au ameona bando linateketea akafunga. Programu za takwimu zinazotegemea JavaScript, maagizo yanayoendeshwa na kivinjari, mara nyingi hazimwoni mtu huyu, kwa sababu ukurasa haukufika mbali kiasi cha kuziita. Logi inamwona. Anwani hainiambii yuko kijiji gani, lakini kila nikikuta mstari wake namfikiria mchuuzi wa huko Kalya, simu mkononi, anayehitaji tarakimu moja tu ili aamue auze leo au asubiri. Huyo ndiye tovuti imewekwa kwa ajili yake. Ndiyo maana ukurasa wa bei sasa ni maandishi matupu, chini ya kilobaiti 20, na picha zina ukurasa wake. Mistari ya 499 imepungua waziwazi.

Ziwa lilipofungwa kwa uvuvi, kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti 2024, bei mpya hazikuwapo lakini watu waliendelea kuja. Maneno yanayoandikwa kwenye kisanduku cha kutafutia cha tovuti yangu huingia kwenye logi, na wakati ule yalikuwa "ziwa linafunguliwa lini" na "dagaa wa stoo".

Maneno hayo ni ya watu, nami nayatunza kwa adabu. Faili ghafi linafutwa baada ya siku 14, na kwenye muhtasari ninaobaki nao nakata tarakimu za mwisho za kila anwani. Tunayo Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, lakini hata isingekuwapo ningefanya hivyohivyo. Aliyekuja kuuliza bei ya dagaa hajanipa ruhusa ya kumfuatilia.

Wiki hii yanajirudia maneno "dagaa mpanda treni", tena kutoka anwani tofauti. Njia ya reli ya kwenda mji wa Mpanda inachepuka Kaliua, na sina ukurasa unaoeleza mzigo wa huko. Kesho nakwenda stesheni kuulizia utaratibu wake. Nikiupata, nitauandika kwa maneno machache, bila picha.